Aliyoyasema Akitwanga

Kwa miaka miwili niliyofanya kazi ya mapokezi katika hoteli moja ya Malindi, hakuna aliyejua kwamba nafahamu Kigiriama. Sikukificha kwa makusudi; au labda nilikificha. Mamangu alikuwa Mgiriama wa vilimani, upande wa Kaloleni. Babangu alimwoa akamleta Mambrui, naye mama akasilimu, akajifunza mapishi ya mji na maneno ya mji. Hata hivyo mashangazi zangu walikuwa wakimcheka kwa namna alivyotamka baadhi ya maneno, kwa hivyo Kigiriama alikisema nami tu, jikoni, mlango ukiwa umerudishwa. Alipofariki nilikuwa na miaka kumi na tisa. Tangu hapo sikuwa na mtu wa kukisema naye, na sikumtafuta.

Hiyo ilikuwa miaka ya themanini, wakati watalii walipokuwa wakija kwa wingi na kila hoteli ikijenga vibanda vipya vya makuti. Siku moja meneja alikuja mapokezi na wageni watatu kutoka Ulaya. Mmoja alikuwa mwongozaji wa filamu, mwanamume mrefu mwenye kofia ya ukili aliyoinunua sokoni siku hiyohiyo. Wa pili alikuwa mpiga picha, mtu wa maneno machache. Wa tatu alikuwa mwanamke wa makamo aliyebeba kinasa sauti begani na kipaza sauti kilichovikwa manyoya kama paka. Walitaka kutengeneza filamu ya kuwaonyesha watu wa kwao nchi yetu: bahari, vilima, na maisha ya mashamba. Walihitaji mtu wa kuwatafsiria, ajuaye Kiingereza na Kigiriama.

Meneja alikuna kichwa. Waliojua Kigiriama katika hoteli ile walikuwa wafagiaji na watu wa bustani, na Kiingereza chao kilikuwa cha salamu. Waliojua Kiingereza walikuwa watu wa mji.

"Mimi najua," nikasema.

Meneja alinitazama. "Wewe? Kigiriama umekijulia wapi?"

"Kwa mamangu."

Nilishangaa jinsi maneno yale mawili yalivyokuwa mazito kutoka kinywani.

Tulianza Marafa, kaskazini ya Malindi, pale ardhi ilipobomoka ikaacha magenge ya rangi nyekundu na ya manjano, yamesimama kama mishumaa iliyoyeyuka. Nilikuwa nikipasikia tu. Mwongozaji alitukalisha pale tangu saa nane mchana akingojea jua lishuke. Niliona ni wazimu. Mtu mzima anasafiri kutoka Ulaya kuja kukaa juu ya jiwe! Lakini ilipofika saa kumi na moja unusu, magenge yale yaligeuka rangi mbele ya macho yangu, yakawaka, nami nikajikuta nimesimama bila kujua nimesimama saa ngapi. Mpiga picha aliniona akatabasamu. Ndiyo mara ya kwanza nilielewa kwamba kutazama nako ni kazi.

Siku ya pili tulikwenda Kilifi. Tulipiga picha mashamba ya mkonge, mistari kwa mistari mpaka macho yanachoka, kisha tukavuka hori kwa feri tukapanda Mnarani kwenye magofu. Nilikuwa nimesimama karibu na ukuta wa msikiti wa kale, na buibui langu na mkoba wangu, nikisoma maandishi yaliyochongwa, mwongozaji aliponiita.

"Samahani, unaweza kusogea? Uko ndani ya picha."

Nikasogea. Akaniashiria nisogee tena. Niliishia nyuma ya mti, mbali kabisa, na kutoka pale niliwaona wakipiga picha magofu matupu. Nilijiambia kwamba ni haki, filamu ni yao. Lakini waliojenga msikiti ule walikuwa watu wa mji kama sisi, na mimi ndiye peke yangu pale niliyekuwa na haki ya kuwaombea dua.

Siku ya tatu tukapanda vilimani. Tulipita Kaloleni, tukaacha barabara kubwa, tukafika kwenye boma moja lililozungukwa na minazi, juu ya mteremko, ambapo ukisimama uani unaiona bahari kwa mbali kama uzi wa samawati. Mwongozaji aliingia uani akazunguka mara moja, na macho yake yakatua juu ya mama mmoja. Alikuwa mrefu, mwembamba, amepita miaka sitini, na shingo yake ilikuwa imenyooka kama ya mtu aliyebeba maji kichwani maisha yake yote. Alikuwa mjane. Aliishi pale na mwanawe mkubwa, mke wa mwanawe huyo, na wajukuu.

Nilimwamkia kwa Kigiriama. "Mulamukadze, Mayo?"

Mayo ni mama. Ulimi wangu ulikuwa mzito, na nadhani nilisema kama mtoto. Alinishika mkono akanigeuza kwenye mwanga, akanitazama usoni.

"Wewe umevaa kama watu wa Malindi na unasema kama watu wa hapa. Mama yako ni nani?"

Nikamwambia jina la mlima alikozaliwa mamangu. Akaitikia kwa kichwa, na tangu hapo akawa haongei na wageni ila anaongea nami.

Alikuwa amepata habari ya ujio wetu tangu juzi, kwa hivyo alijitayarisha. Alivaa gauni la buluu la mikono mirefu, na lile gauni lilikuwa limepigwa pasi. Mwongozaji alipoliona alinong'ona nami.

"Mwambie avae ile sketi yao ya asili."

Alikuwa na maana ya hando, ile nguo nyeupe yenye marinda mengi wanayojifunga wanawake wa Kigiriama kiunoni. Nikamwambia mama. Alicheka kidogo, si kwa furaha.

"Hando nilivaa jana nikienda shambani. Leo nina wageni."

Nikatafsiri. Mwongozaji akasema, kwa upole kabisa, kwamba watu wa kwao wangependa kumwona alivyo siku zote. Mama akasikiliza, akaingia ndani, akatoka amevaa hando na leso kifuani. Hakununa. Lakini gauni lile alikuwa amelikunja vizuri akampa mkaza mwanawe aliweke.

Kisha wakaanza kusafisha uwanja. Beseni za plastiki zikaondolewa. Redio iliyokuwa dirishani ikaingizwa ndani. Nyumba ya mwana mkubwa ilikuwa na paa la mabati, basi kamera ikageuziwa upande wa pili, penye nyumba ya makuti ambamo siku hizo walilala mbuzi. Mwongozaji aliniambia jambo jingine, la kuhusu ile leso ya kifuani. Hilo sikulitafsiri. Nilimwambia tu, "Hapana," naye akanielewa, akaona haya, akalikwepa. Lakini mimi nilijifunza kitu siku ile ambacho hakikunisaidia baadaye: kwamba mkalimani ana mlango mkononi, na anaweza kuufunga bila kumwuliza mtu.

Wakamwekea mama kinu na mchi na mahindi. Kabla hajaanza aliniita.

"Mwanangu, hii picha itaonekana wapi?"

"Ulaya, Mayo. Na wamesema wataleta nakala hotelini kwetu Malindi."

"Na Marereni?"

Marereni iko mbali, kaskazini ya Malindi, kwenye mashamba ya chumvi. "Sijui, Mayo. Kuna nani Marereni?"

Akaushika mchi. "Lakini ikiwa Malindi, inaweza kufika Marereni."

"Inaweza," nikasema, kama mtu anavyosema inshallah ili mazungumzo yaishe.

Mwongozaji akaomba atwange na aimbe, au aseme chochote, kama afanyavyo akiwa peke yake. Yule mwanamke wa sauti akapiga magoti, akanyoosha kile kipaza sauti chake. Mama akainua mchi. Akatwanga mara tatu nne kimya, kisha akaanza kusema, neno kwa pigo, kwa sauti iliyokuwa baina ya kuimba na kuzungumza. Alisema hivi, nami nayaandika kwa Kiswahili kadiri ninavyoweza:

"Wewe ukwanguaye chumvi. Wewe niliyekubeba mgongoni njia ya kisimani. Siku ya matanga ya baba yako mligombania minazi, wewe na mkubwa wako, mbele ya watu. Nami nikasema, kama huridhiki, njia ile pale. Nilikuonyesha njia kwa hasira, nawe ukaifuata kwa hasira. Sasa ile minazi miwili imekufa, haina kichwa. Mtoto wako uliyemwacha akitambaa sasa anakimbia. Anauliza wanaume wote wapitao njiani kama ni wewe. Mimi sikukufukuza. Mdomo wangu ndio uliokufukuza. Njoo ule ugali huu kabla mkono ulioutwanga haujachoka."

Mkaza mwanawe, aliyekuwa mlangoni, aligeuka akaingia ndani. Mimi nilibaki nimesimama nyuma ya kamera. Mwongozaji alikuwa ameshika kofia yake kifuani, uso umemjaa furaha.

"Uzuri ulioje! Anasema nini?"

Sikuwaza. Ule mlango niliokuwa nao mkononi niliufunga. Niliona kwamba maneno yale hayakuwa yao, kwamba wameshachukua hando na kinu na vilima, na hili wasilichukue.

"Ni wimbo wa kutwanga," nikasema. "Wanashukuru mavuno."

Akaandika katika daftari lake. Yule mwanamke wa sauti hakuandika. Alivua vile visikizio masikioni akanitazama kwa muda mrefu kuliko nilivyopenda. Nadhani masikio yake yalimwambia kwamba ile si sauti ya mtu anayeshukuru.

Tulipoaga, mama alinishika mkono tena. Hakuniambia nipeleke ujumbe. Alikuwa ameshausema mahali alipodhani utafika. Nami nilijua wazi kwamba hautafika, na bado nikapanda gari.

Ningependa kusema kwamba niliondoka kwenda Marereni juma lile lile. Sikwenda. Nilirudi mapokezi, nikagawa funguo, nikajibu simu. Kila nilipomkumbuka nilijiambia kwamba si shughuli yangu kuingia katika ugomvi wa watu. Miezi saba ikapita hivyo.

Kisha kanda ya video ikaja kwa posta, na meneja akatangaza kwamba itaonyeshwa Ijumaa saa kumi na moja jioni, kabla ya chakula, katika ukumbi mdogo. Wageni walikaa kwenye viti. Wafanyakazi tuliruhusiwa kusimama nyuma, ukutani. Filamu ilikuwa nzuri, sitasema uongo. Magenge ya Marafa yaliwaka kama siku ile. Hori la Kilifi lilionekana kwa juu, kijani ndani ya kijani, mpaka mtu wa bustani aliyekuwa kando yangu akasema taratibu, "Kumbe kwetu ni hivi?" Kisha ukaja mteremko wenye minazi, na mama yule, na kinu.

Sauti yake ilisikika wazi kwa mapigo kumi hivi. Halafu msimulizi akaingia juu yake kwa Kiingereza laini, akasema kwamba wanawake wa vilima hivi, ambao maisha yao hayajabadilika kwa karne nyingi, huimba wakitwanga kumshukuru Mungu kwa mavuno.

Wageni wakatikisa vichwa kwa kuridhika. Huku nyuma ukutani hakuna aliyetikisika. Wale wafagiaji na watu wa bustani walikuwa wamesikia yale mapigo kumi, nao hawakuhitaji mkalimani. Mama mmoja wa dobi alijifunika mdomo kwa kitambaa. Mwingine, mhudumu wa mezani alipomtafsiria ya msimulizi, akauliza kwa Kigiriama, "Ni nani aliyewaambia kwamba ni wimbo?" Nilitamani ukuta ule unimeze. Uongo wangu ulikuwa sasa umevaa sauti nzuri ya mwanamume wa Ulaya, na utazunguka dunia.

Jumapili nilikuwa na mapumziko. Nikaenda Marereni.

Sikuwa na jina la mtu, nilikuwa na kisa tu. Nilimweleza msimamizi mmoja kwamba namtafuta mtu wa vilimani, upande wa Kaloleni, aliyekuja baada ya matanga ya babake. Alinielekeza kwenye bwawa la mwisho. Weupe wa pale ulikuwa wa kuumiza macho. Chumvi imelundikwa kama vichuguu, na wanaume wameinama wakiikwangua, miguu yao imefungwa vipande vya mpira wa gurudumu. Mmoja alipoinuka nilimtambua kwa shingo.

"Kaka," nikasema, "nina maneno ya mama yako."

Alisimama akaegemea reki yake. Nikayasema yote kwa Kigiriama, kama nilivyoyasikia. Nilikuwa nimeyakariri njia nzima, lakini nikayakosa mahali pawili nikarudia. Alinisikiliza bila kupepesa.

"Wewe ni nani?"

Nikamwambia.

"Mama yangu hasemi hivyo," akasema. "Mama yangu haombi. Wamekutuma watu wa nyumbani ili nirudi nimwombe msamaha mkubwa wangu."

"Hakuna aliyenituma. Aliyasema mbele ya kamera. Yako kwenye filamu, hotelini kwetu Malindi."

"Basi nitaona mwenyewe," akasema, akarudi kuinama. Nilirudi Malindi nikiwa na hakika kwamba nimeharibu hata kile kidogo kilichokuwapo.

Baada ya majuma mawili alikuja. Alikuja saa nne asubuhi, amevaa shati safi, na askari wa lango hakutaka kumpitisha. Nilikwenda nikamchukua mwenyewe, nikampitisha jikoni, maana saa hizo wageni wako ufukweni na ule ukumbi mdogo huwa mtupu. Nikaweka kanda. Nikairusha mbele mpaka kwenye minazi.

Aliposikia sauti ya mama yake alikaa chini sakafuni, ingawa viti vilikuwapo. Msimulizi alipoanza akaniuliza anasema nini yule, nikamjibu, "Anasema uongo, na uongo wenyewe ni wangu." Akaniomba nirudishe nyuma. Nikarudisha. Akaomba tena. Mara ya tatu hakuwa anasikiliza tena. Alikuwa amesogea karibu na kioo cha televisheni, karibu kabisa.

"Simamisha hapo. Dada, tazama mkono."

"Mkono gani?"

"Wa kushoto. Mama yangu hutwanga kwa kubadilisha mikono, kulia, kushoto. Hapo anatwanga kwa kulia peke yake. Ule wa kushoto anaubania ubavuni."

Nikatazama. Ilikuwa kweli. Nilikuwa nimesimama hatua tano kutoka kwake siku ile. Mwongozaji alikuwa pale, na mpiga picha aliyejua kungojea jua kwa saa tatu na zaidi alikuwa na jicho kwenye kioo. Wageni wote wa hoteli walikuwa wameitazama. Hakuna aliyeona.

Alisimama akasema ahsante, akaondoka. Hakupita Marereni kuchukua nguo zake. Nilipata habari baadaye kwamba siku hiyo hiyo alasiri alikuwa amefika kwao.

Nilipanda vilimani mwaka uliofuata, peke yangu, bila kamera. Mama alikuwa ameketi kwenye kigoda uani amevaa lile gauni la buluu. Kilichomfanya aubanie ule mkono kilikuwa uvimbe, kifuani, chini ya kwapa. Alikuwa ameuficha karibu mwaka mzima. Mwanawe alimpeleka hospitali, mkubwa wake akauza mbuzi, wasiwasi mmoja ukawakata wote wawili maneno, na ugomvi wa minazi ukafa bila mtu kuuzika. Alifanyiwa upasuaji. Mkono wa kushoto haukurudi kama zamani, lakini alikuwa hai, na alikuwa akimtukana jogoo aliyekuwa akipekua mahindi yake.

"Ulichelewa," aliniambia. "Nilisema mwezi wa mavuno, yeye akaja mvua zimekwisha kunyesha mara ya pili."

"Ni mimi, Mayo, niliyechelewa. Na kuna jambo jingine." Nikamweleza yote: kwamba wale watu waliniuliza alichosema, nami nikawaambia ni wimbo wa mavuno, na kwamba sasa huko Ulaya watu wanaamini hivyo. Nilimwomba radhi.

Alifikiri. Nilidhani atakasirika, na nilikuwa tayari.

"Wamesema nashukuru kwa mavuno?"

"Ndiyo."

"Mwaka ule?" Akaanza kucheka, akaushika ubavu wake kwa maumivu, akaendelea kucheka. Akamwita mwanawe kutoka nyuma ya nyumba. "Njoo usikie! Mwaka ule ambao nyani na jua waligawana shamba lote, mimi nimeonyeshwa dunia nzima nikishukuru!"

Mwanawe naye akacheka, nami nikacheka, machozi yakinitoka. Lakini alipotulia alinigeukia akasema kwa sauti nyingine, "Siku nyingine mtu akikuuliza nimesema nini, niulize mimi kwanza kama nataka ajue. Huenda ningetaka."

Hilo ndilo lililoniuma, na ndilo la haki. Nilikuwa nimedhani namlinda. Labda angependa wale watu wa mbali wajue kwamba yule mwanamke mrefu mwenye hando alikuwa na mwana aliyempoteza kwa ulimi wake mwenyewe. Labda mama mmoja huko kwao angeelewa, kuliko alivyoelewa mavuno.

Nilimwandikia barua yule mwanamke wa sauti, kwa anwani iliyokuwa kwenye bahasha ya kanda, baada ya kumwuliza mama na kupata ruhusa yake. Nikaandika maneno yote, pigo kwa pigo, na nikakiri. Alijibu baada ya miezi mitatu. Alisema kwamba filamu haiwezi kubadilishwa tena, imeshauzwa, lakini utepe wa sauti bado anao, na ameufungia ile barua yangu kwa uzi. Alisema pia kwamba tangu siku ile alikuwa akiusikiliza mara kwa mara peke yake, akijaribu kujua ni kwa nini sauti ile haimwachi.

Mama aliishi miaka mingine sita. Nilikuwa nikienda kila nilipopata likizo, na Kigiriama changu kikanyooka. Mwaka wa mwisho alinikataza kumletea sukari na majani ya chai, akasema nimletee pasi ya mkaa, kwa sababu yake ilikuwa imetoboka chini na ilimwaga majivu kwenye lile gauni la buluu.